Siku chache jangwani Uluru, na hadithi ambazo wenyewe wamezizuia

Cha kwanza mjue kuhusu Uluru, lile jiwe kubwa lililoko katikati ya Australia, ni kwamba ni mbali, mbali sana. Watu wakiona ile picha ya jiwe jekundu wanadhani ukishashuka Sydney unadandia basi na jioni umefika, hapana, kutoka Sydney ni zaidi ya kilomita 2,000, na hata ukienda mpaka Alice Springs ambao ndo mji wa maana ulio karibu bado una kama kilomita 450 za lami mbele yako. Mi nasema nendeni kwa barabara. Kuna uwanja wa ndege pale Yulara, karibu kabisa na jiwe, unashuka unapiga picha unarudi zako, lakini ukienda hivyo utakuwa umeona jiwe tu na hujaiona nchi ambayo limekaa ndani yake, na bila hiyo nchi hata hadithi ukisimuliwa hutazishika.

Tulitoka Alice Springs giza halijaisha, ndani ya basi dogo lenye trela nyuma imebeba vyakula, maji na malazi. Kwenye hizi safari fupi za kupiga kambi kiongozi ndo dereva, ndo mpishi, ndo mwalimu, na abiria nao wote wanashika kazi, huyu anakata vitunguu, yule anasugua sufuria, mwingine anabeba kuni, na kuni zenyewe mnaziokota njiani kabla hamjafika hifadhini manake mle ndani hata kijiti hakuna ruhusa kuokota. Mnashuka kusini kwa Stuart Highway mpaka Erldunda, mnajaza mafuta, mnapinda kulia kuingia Lasseter Highway na kutoka hapo ni magharibi tu, masaa na masaa.

Na jangwa lenyewe si lile la mchanga mtupu mnalolifikiria. Mchanga upo na ni mwekundu kwelikweli, unaingia kwenye soksi, kwenye chai, kwenye zipu ya begi, ila juu yake kuna uhai mwingi: manyasi ya spinifex yenye ncha za kuchoma, vichaka, miti ya mulga, na mti mmoja ambao Waanangu, wenyeji wa pale, wanauita kurkara. Huu nataka niueleze vizuri manake niliukodolea macho safari nzima. Ukiwa mdogo unasimama mwembamba, umenyooka, matawi yamebana kwenye shina, na unaweza kukaa hivyo miaka na miaka mtu akadhani umedumaa, kumbe kazi yote iko chini, mzizi unateremka unatafuta maji, ukishayapata ndo sasa mti unafungua matawi na kuwa na kivuli cha kukaa watu. Unakuta yote imesimama pamoja, ile myembamba na ile iliyofunguka, na ukishaambiwa hivyo huwezi tena kuiangalia bila kuwaza ni yupi tayari ameyafikia maji na nani bado anachimba.

Tuliona ngamia pia, ngamia pori, wanakatiza barabara kama kwao. Na sasa ni kwao kweli. Waliletwa karne ya 19 pamoja na wachungaji wao kutoka Afghanistan, Punjab na Baluchistan kubeba mizigo ya wazungu katikati ya bara ambako farasi alikuwa anashindwa, halafu magari yalipoingia wakaachiliwa, wakazaana mpaka leo. Wabulushi! Mtu wa Mombasa ukimtajia Wabulushi anafikiria Makadara, askari waliokuja na sultani wa Oman, kumbe ndugu zao wengine walikuwa wanavusha ngamia jangwa la Australia. Hata mzungu wa kwanza kupanda Uluru, William Gosse mwaka 1873, alipanda na mchunga ngamia wake anayeitwa Kamran, na Gosse ndo akalipachika jina Ayers Rock, jina la mkubwa mmoja wa serikali kule Adelaide ambaye jiwe lenyewe halimhusu hata kidogo.

Kabla hamjafika kuna mlima bapa unatokea kushoto, Atila, wazungu wanauita Mount Conner. Kila basi likipita hapo simu zote zinatoka wakidhani ndo penyewe, na madereva wamezoea, wanaacha watu wapige picha kwanza ndo wanawaambia.

Halafu linatokea lenyewe.

Urefu ni mita 348 kutoka chini, mzingo wake ni kilomita 9.4, hizo namba mtazikuta popote. Kitu ambacho picha haikuonyeshi ni ngozi yake. Kwa mbali linaonekana laini, ukisogea mpaka ukalishika linakwaruza, limebanduka vigamba vigamba vyekundu, hiyo ni kutu, manake jiwe lina chuma ndani na hewa na maji vinakifanya kishike kutu. Rangi yake ya ndani ni kijivu, unaiona kwenye mapango ambako mvua na upepo havijafika sana. Ni mchanga uliomomonyoka kutoka kwenye milima zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita, ukarundikana, ukagandamana ukawa mwamba, halafu nguvu za ardhi zikazipindua tabaka zake mpaka zikasimama karibu wima kabisa, ndo maana ukiangalia kwa juu unaona ile mistari mistari. Hayo ni ya wanajiolojia.

Ya Waanangu ni mengine, na hayo ndo yaliyonifanya niandike.

Tulikaa upande wa kusini karibu na kisima cha Mutitjulu, pana maji yametulia chini ya mwamba hata jua likiwa kali. Mama mmoja wa Kianangu, mtu mzima, alikaa mchangani, akalainisha sehemu kwa kiganja, akaanza kuchora kwa kidole. Anaongea Kipitjantjatjara taratibu na mkalimani anafuata nyuma, na huyo mama hakutaka kukimbizwa, akimaliza kipande anafuta mchanga kwa kiganja anaanza kipande kingine. Akatusimulia Kuniya, chatu wa kike aliyekuja kutoka mashariki amebeba mayai yake, akayaficha upande wa pili wa mwamba. Mpwa wake akauliwa na Liru, wale nyoka wenye sumu, walimchoma mikuki. Kuniya akaja na hasira na uchungu wa mfiwa, akamkuta shujaa mmoja wa Liru anamcheka. Akacheza ngoma ya kutisha, akaokota mchanga akaumwaga ili kutuliza ule ukali uliokuwa unamtoka usije ukadhuru kila kitu kilicho karibu, halafu akampiga yule Liru kichwani kwa fimbo ya kuchimbia, pigo la kwanza dogo, la pili likamuua, ngao yake ikaanguka chini. Sasa mama anainua mkono anaonyesha: pale juu ukutani, nyufa mbili, moja fupi na moja ndefu. Yale ni mapigo. Jiwe lile lililolala pale ndo ngao. Ule mstari mweusi unaojipinda ndo Kuniya mwenyewe. Na bado yupo, analinda maji.

Nimesikia watu wanaita hizi ngano za watoto. Hebu fikirieni hivi: ndani ya hadithi ile moja kuna ramani inayokuonyesha maji yalipo, kuna sheria ya mzazi kulinda mtoto wa ndugu yake, kuna adhabu ya mtu anayecheka msiba, na kuna fundisho la mtu mwenye hasira kuitawala kabla hajanyanyua mkono. Hiyo yote Waanangu wanaiita Tjukurpa, ndo sheria yao, ndo dini, ndo shule, ndo hati ya shamba. Na haikuandikwa kwenye karatasi, imeandikwa kwenye mwamba ambao hauhamishiki, kwa hiyo mtu akitaka kupindisha maneno ushahidi upo pale umesimama.

Sasa tuje kwenye kupanda. Ukienda upande wa njia ya Mala utaona mstari mweupe mweupe unapanda mgongo wa jiwe, ni kovu, ni viatu vya mamilioni ya watu kwa miaka mingi. Kulikuwa na mnyororo wa kushikilia tangu miaka ya 60. Zaidi ya watu 35 walikufa wakipanda, wengine kwa kuteleza wengine moyo ulisimama, na juu hakuna choo, hebu jazeni wenyewe, mvua ikinyesha yote yanateremka kwenye visima wanavyonywea wanyama. Waanangu walikuwa wanaomba tu kwa upole, wameweka bango, tafadhalini sisi hatupandi, na watu wanasoma bango halafu wanapanda. Sababu yao ni kwamba ile ndo njia waliyopita wanaume wa Mala, wale kangaruu wadogo wa kwenye Tjukurpa, kwenda kusimika mlingoti wa ngoma yao takatifu juu ya mwamba. Wakaja wageni kutoka magharibi kuwaalika kwenye ngoma nyingine, Mala wakasema hatuwezi, yetu imeshaanza, na ngoma ikishaanza haikatizwi. Wale wakakasirika wakatuma jitu baya lenye umbo la mbwa, Kurpany, likaja likaua. Kwa hiyo ile ni njia ya ibada na njia ya msiba, na ndo ilikuwa imegeuzwa ya kupigia selfi. Na kuna jingine: mgeni akifia pale, wenyeji wanaumia kwa sababu yuko kwao, wanajiona wana wajibu naye.

Njia ilifungwa tarehe 26 Oktoba 2019. Tarehe haikuchaguliwa ovyo, 26 Oktoba 1985 ndo siku serikali iliwarudishia Waanangu hati ya ardhi yao, baada ya mwaka 1958 kuimega kutoka kwenye eneo la wenyeji ili iwe hifadhi ya watalii na mahoteli kujengwa chini ya jiwe kabisa. Walirudishiwa kwa sharti la kuikodisha tena kwa serikali kwa miaka 99, na hapo sipapendi, naona ni kumrudishia mtu nyumba yake huku ukibaki na ufunguo. Lakini bodi ya hifadhi ina Waanangu wengi kuliko wengine, na hiyo bodi ndo iliyopiga kura mwaka 2017 kufunga njia. Miaka mingi ya kuomba, mwisho waliamua wenyewe. Mwaka huo huo wa 2017 viongozi wa wenyeji kutoka Australia nzima walikutana pale pale wakatoa tamko la kuomba sauti yao iingizwe kwenye katiba, na Oktoba 2023 nchi ikapiga kura, kama asilimia 60 wakasema hapana. Inauma ukiisoma, inauma zaidi ukiwa umekaa mchangani na hao watu.

Usiku unalala kwenye swagi. Ni godoro jembamba limeshonewa ndani ya turubai nzito lenye zipu, unaingiza begi la kulalia mle, unafunga mpaka kidevuni, hakuna hema, juu yako ni nyota. Tulienda msimu wao wa baridi, Julai, na msidanganywe na neno jangwa, mchana unavaa fulana na usiku joto linashuka mpaka chini ya sifuri, asubuhi turubai ina barafu nyembamba inapasuka ikiguswa. Moto wa mulga ndo unaowaokoa, kuni ngumu, makaa yake yanakaa usiku kucha. Kwenye makaa hayo tulichoma mkia wa kangaruu: unababua manyoya kwenye moto, unakwangua, unaufunga kwenye karatasi ya foili, unauzika kwenye majivu ya moto na kuuacha uive polepole. Ukitoka una mafuta mengi na nyama inabanduka kwenye mfupa, mnakula kwa mikono, na nikasema hapa kungekuwa na pilipili ya kukaanga na ndimu ingekuwa sherehe.

Alfajiri kabla jua halijachomoza kiongozi akatuamsha, akatuonyesha kundi dogo la nyota upande wa mashariki, zimebanana. Kilimia! Kwetu Pwani wazee wakikiangalia kilimia wanasema kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua, mkulima anajua wakati wa kushika jembe. Kwa Waanangu ni dada saba, wanakimbizwa na mwanaume anayeitwa Nyiru ambaye hawamtaki, wamekimbia nchi nzima kutoka kisima hadi kisima wakiacha alama kila walipopita, mpaka wakaruka juu mbinguni na huko bado anawafuata. Zikianza kuonekana alfajiri wanajua baridi imeingia. Bahari nzima imetutenganisha na hao watu, hatujawahi kuwasiliana, na wote tumezitazama nyota zile zile tukaziamini na maisha yetu. Nilibaki nje ya swagi na baridi yote ile mpaka mwanga ukazimeza.

Kesho yake tukaenda Kata Tjuta, na hapa ndo kuna jambo langu kubwa. Kata Tjuta ni vilima 36 vya mviringo vimekusanyika pamoja, kirefu kuliko vyote ni mita 546 kutoka chini, yaani kinaupita Uluru mbali. Mwamba wake ni tofauti, ukiukaribia unakuta ni mawe makubwa makubwa ya kila rangi yamegandishwa pamoja kama zege. Njia inaitwa Bonde la Pepo, kilomita 7.4, na siku ikitabiriwa kufika nyuzi 36 wanafunga sehemu kubwa saa tano asubuhi, watu wasije wakazimia huko ndani. Tukafika kwenye kipenyo kati ya vilima viwili, upepo unavuma, mabonde yamefunguka mbele, na mmoja wa abiria akauliza, na hapa hadithi yake ni ipi?

Kiongozi akasema, ya hapa hatuambiwi. Ni mambo ya wanaume wa Kianangu, waliokwishaingizwa jandoni kwao, hata wanawake wao hawaambiwi, mimi mwenyewe sijui na sitauliza.

Yule abiria hakufurahi, akasema nimelipa pesa nyingi. Mimi nilifurahi sana. Mi kwetu ni Kilifi, nyanya yangu ni Mgiriama, nimekua nikijua kwamba kaya ni msitu ambao huingii unavyotaka, kuna mahali unafika mzee anakwambia hapa basi, na kuna fingo, ile kinga ya kaya, limezikwa mle ndani ambalo wewe huonyeshwi, na hakuna mtu aliyeona ni uchoyo. UNESCO waliziandika kaya za Mijikenda kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2008, vizuri, lakini kuandikwa hakukumpa mtalii ruhusa ya kuchimbua fingo. Tunaishi wakati ambapo mtu anaona kila kitu lazima apewe, kipigwe picha, kiwekwe mtandaoni, na wale Waanangu wanakwambia karibu, kaa, kula, sikiliza hii, ila ile nyingine si yako. Mtoto wao mwenyewe haambiwi yote siku moja, anapewa kidogo kidogo kadiri anavyokua na kuonyesha anaweza kubeba, na sisi wageni tunapewa zile za mtoto mdogo. Nimeambiwa hivyo na sikuona nimepunjwa, niliona nimewekwa kwenye darasa langu. Hata kule Uluru kuna sehemu zina bango la kusema usipige picha hapa, kwa sababu zile sura za mwamba ni maandiko ya kusomwa pale pale na mwenye haki ya kuyasoma, na simu zote zilishuka.

Hapo Uluru pia watu huokota vijiwe wakaweka mfukoni, wanapeleka Ujerumani, Marekani, kokote, halafu miaka inapita wanavirudisha kwa posta na barua za kuomba radhi, na ofisi ya hifadhi inavipokea kila mara. Nilipoambiwa hivyo nilifikiria vigango vyetu, zile nguzo za mbao za kuchonga za kuwakumbuka wazee waliofariki. Vimeng'olewa vijijini kwetu, vikauzwa, vikaenda kusimama kwenye majumba ya makumbusho Marekani kama mapambo, na viwili vilivyorudi Kenya mwaka 2007 vilikuwa vimetafutwa na familia zaidi ya miaka ishirini. Mwenye kurudisha kijiwe angalau amejisumbua kununua stempu. Tunavisubiri vigango vilivyobaki.

Watarrka, wanaouita Kings Canyon, nitaipitia haraka. Ni kama kilomita 300 kutoka Yulara, nchi ya Waluritja, unaanza kwa kupanda ngazi za mawe kama 500 asubuhi na mapema mapaja yanaomba msamaha, halafu unazunguka ukingo wa korongo kilomita 6, kuta zinaporomoka zaidi ya mita 100 na hakuna ukuta wa kukuzuia kwa hiyo kaeni mbali na ukingo. Juu kuna mwamba wenye mawimbi madogo madogo, ni mchanga wa kale sana uliopigwa na maji ukagandia hapo hapo, unaweka kiganja unayahisi. Katikati kuna bonde lenye maji ya kudumu na mimea ya cycad iliyobaki tangu enzi nchi hii ilipokuwa na mvua. Maji ni mazuri na mmechoka na jua linawaka, ila hamuogi, kwa Waluritja yale maji yana heshima yake, mnakaa pembeni mnakula machungwa.

Kwa anayetaka kwenda: nenda kati ya Mei na Septemba, inzi ni wachache na unaweza kutembea mchana. Beba soksi nzito na kofia ya sufu ya usiku. Kiingilio cha hifadhi ni dola 38 za Australia kwa siku tatu, na asilimia 25 yake inaenda kwa wenye ardhi. Ukichagua kampuni uliza swali moja, nani atakayetuhadithia, mtu wa pale au dereva aliyekariri, na kama siku ni chache kata matembezi ya jioni ya kunywa mvinyo mkiangalia jiwe, mpe huo muda kituo cha utamaduni kilicho ndani ya hifadhi. Kimefunguliwa mwaka 1995, Waanangu wenyewe walikipanga, na akina mama wanauza bakuli za kuchonga na michoro wakiwa wamekaa pale pale, ukinunua unamlipa aliyechonga.